Madume wa Ziada: Kuhasi na Kutunza Majogoo katika Kundi la Kuku wa Nyumbani

Katika kila kundi la kuku wa kienyeji linalojizalisha lenyewe, takribani nusu ya vifaranga wanaoanguliwa huwa madume, na hakuna ufundi wa mfugaji, wala umbo la yai, wala siku ya kumlaza kuku, unaoweza kuibadili hesabu hiyo. Jinsia ya kifaranga huamuliwa na mama, si baba, kwa kuwa jogoo hubeba kromosomu mbili za jinsia zilizo sawa (kromosomu ni nyuzi ndogo zilizomo ndani ya seli, zinazobeba urithi wa kiumbe), ambazo wataalamu huziita Z, ilhali mtetea hubeba Z moja na W moja, na kila yai lake hupewa mojawapo kwa bahati. Basi mfugaji ambaye mitetea wake watatu wameatamia kwa wakati mmoja, na kila mmoja akaangua vifaranga kumi, hujikuta na madume wapatao kumi na watano katika boma ambalo jogoo wake mmoja alikuwa tayari anatosha. Wengine watachukuliwa na mwewe na wengine watakufa kwa maradhi, lakini watakaobaki watafika umri wa kuwika na kupigana, na hapo ndipo wafugaji wengi huanza kuuliza kama jogoo anaweza kuhasiwa kama anavyohasiwa fahali.

Anaweza. Swali lenye uzito zaidi ni kama kuhasi kunafaa katika ufugaji wa uani, na jibu la makala haya ni kwamba kazi hiyo, ingawa ni ya kale na ina nafasi yake katika mapishi na katika historia ya sayansi, haimfai mfugaji wa kawaida wa Afrika Mashariki, ambaye tatizo lake humalizwa vizuri zaidi kwa kupanga mapema idadi, mahali na mwisho wa kila dume.

Mkulima aliyezoea kuona fahali akihasiwa ili awe maksai wa kukokota plau, au beberu akihasiwa ili anenepe, huchukulia kwamba kiungo kinachoondolewa kipo nje ya mwili na hufikiwa kwa urahisi. Kwa ndege sivyo. Korodani za jogoo, ambazo ndizo tezi zinazotengeneza mbegu za uzazi pamoja na homoni ya kiume, zimo ndani kabisa ya tumbo, zimegandamana na uti wa mgongo mbele ya figo, usawa wa mbavu za mwisho, na kati ya hizo mbili hupita mishipa mikuu ya damu inayotoka moyoni na kurudi moyoni. Katika pora (jogoo mchanga) wa wiki sita kila moja haizidi sana punje ya mchele, na kwa kawaida ya kushoto huwa kubwa kidogo kuliko ya kulia. Katika jogoo mkomavu huvimba mara nyingi zaidi ya hapo, na katika nchi zilizo karibu na Ikweta, ambako urefu wa mchana haubadiliki sana kutoka mwezi hadi mwezi, hubaki katika hali ya kuzaa karibu mwaka mzima badala ya kusinyaa kwa msimu kama inavyotokea kwa ndege wengi wa nchi za baridi.

Pamoja na ugumu huo, watu walijifunza kuhasi majogoo zamani sana. Aristotle, mwanafalsafa wa Ugiriki aliyeishi katika karne ya 4 KK, aliandika kwamba jogoo aliyechomwa kwa chuma cha moto sehemu ya nyuma ya mwili hupoteza rangi ya upanga wake (ile nyama nyekundu ya utosini), huacha kuwika na huacha kupanda mitetea. Huko Roma, sheria ya mwaka 161 KK iliyopewa jina la konseli Fannius ilikataza kuandaa katika karamu kuku jike aliyenenepeshwa, na mwandishi Plinius anasimulia kwamba walaji waliikwepa kwa kunenepesha madume badala ya majike. Waandishi wa kilimo wa Kirumi, kama Varro, walieleza pia namna ya kuhasi kwa kuchoma miguu kwa chuma cha moto, njia ambayo kwa mujibu wa elimu ya sasa haiwezi kuondoa tezi zilizomo tumboni na ambayo haikumletea ndege yule chochote zaidi ya mateso.

Jambo kubwa zaidi lililotokana na majogoo waliohasiwa halikuwa la jikoni. Mwaka 1849, katika mji wa Göttingen nchini Ujerumani, mtaalamu wa fiziolojia Arnold Adolph Berthold alichukua mapora sita akawafanyia majaribio yaliyokuja kufungua uwanja mzima wa elimu ya homoni. Wale walioondolewa korodani zote mbili walikua wakiwa wapole, wenye upanga mdogo uliopauka, wasiojali majike wala mapigano. Wengine waliondolewa korodani zao, kisha korodani moja ikapachikwa kati ya matumbo, mahali ambapo si pake kabisa, nao wakakua kama majogoo kamili, wakawika, wakapigana na kupanda. Berthold alipowapasua baadaye aliona kwamba korodani iliyohamishwa ilikuwa imeota mishipa mipya ya damu na kuendelea kuishi, ilhali mishipa ya fahamu ya asili ilikuwa imekatika, na kwa hiyo alihitimisha kwamba kitu kinachomfanya jogoo awe jogoo husafiri kwa njia ya damu. Wakati huo neno homoni lilikuwa halijabuniwa. Miaka zaidi ya themanini baadaye, wakemia waliokuwa wakitafuta kitu hicho walitumia jogoo aliyehasiwa kama kipimo chao: walimpa dawa iliyochujwa kisha wakapima jinsi upanga wake ulivyokua. Kwa njia hiyo Adolf Butenandt, mwaka 1931, alifanikiwa kutenga miligramu chache tu za homoni ya kiume kutoka katika lita 15,000 za mkojo wa wanaume, na mwaka 1939 akatunukiwa Tuzo ya Nobel ya kemia.

Majaribio ya namna hiyo yalidhihirisha pia jambo ambalo mfugaji anapaswa kulielewa kabla hajamwamini muuzaji. Homoni ya kiume ndiyo inayotawala upanga, ndevu za chini ya mdomo, sauti ya kuwika, ukali na hamu ya kupanda, lakini manyoya marefu yanayong'aa ya shingo na mkia hayatokani nayo. Manyoya hayo ndiyo vazi la asili la kuku asiye na homoni yoyote ya uzazi, na ni homoni ya kike inayompa mtetea manyoya yake mafupi yenye rangi tulivu, kiasi kwamba mtetea aliyepoteza kokwa yake ya mayai kwa ugonjwa anaweza kuota manyoya ya kijogoo. Kwa hiyo jogoo aliyehasiwa hubaki na mkia wake wa fahari, na hata kipi, yaani ule mwiba mgumu unaoota nyuma ya mguu, huendelea kukua. Anayetaka kumtambua humtazama utosini: upanga wake ni mdogo, mkavu na umepauka.

Upasuaji wenyewe, kama unavyofanywa na mafundi wa Ufaransa, Hispania au Taiwani, hufanyika kwa mapora wachanga walionyimwa chakula takribani siku nzima ili matumbo yawe matupu na yasizibe njia. Ndege hulazwa ubavu, mabawa na miguu yakinyooshwa, ngozi huvutwa kando, kisha hukatwa kati ya mbavu mbili za mwisho, utando mwembamba wa kifuko cha hewa hutobolewa, na korodani hushikwa na kuzungushwa mpaka itoke nzima. Hatari zake ni tatu na zote ni kubwa. Ya kwanza ni damu, kwa sababu kifaa kikiteleza kwa upana wa ukucha na kugusa mshipa mkuu, ndege hufa mezani ndani ya muda mfupi. Ya pili ni pumzi: kuku hana kiwambo cha misuli kinachotenganisha kifua na tumbo, na hupumua kwa kupanua kifua chote na vifuko vya hewa vilivyosambaa mwilini, hivyo aliyebanwa vibaya hukosa hewa, na aliyetobolewa vifuko hivyo mara nyingi huvimba siku chache baadaye kwa upepo uliojikusanya chini ya ngozi, ambao hulazimu kutolewa kwa sindano. Ya tatu ni kutokamilika kwa kazi, maana kipande kidogo cha korodani kikiachwa ndani hukua upya, na mfugaji aliyeingia gharama na kumtia ndege wake maumivu hujikuta baada ya miezi michache ana jogoo anayewika na kupigana kama wenzake, ingawa hazalishi ipasavyo.

Kwa karne nyingi kazi hiyo ilifanywa bila ganzi wala nusukaputi, na hilo halipaswi kupitwa kwa haraka. Kuku husikia maumivu. Kule kutulia kwake anapolazwa na kushikwa ni hofu inayomgandisha, wala si dalili kwamba haumii, na mtu yeyote anayefuga kwa dhamiri njema anapaswa kuanzia hapo. Uingereza ilipiga marufuku kuhasi ndege kwa upasuaji tangu mwaka 1982, na Tanzania inayo Sheria ya Ustawi wa Wanyama ya mwaka 2008, ambayo msingi wake ni kumkinga mnyama na mateso yasiyo ya lazima. Ni vigumu kuona jinsi upasuaji wa uani, unaofanywa kwa wembe juu ya benchi la jikoni na mtu aliyejifunza kwa kutazama video, unavyoweza kupatana na msingi huo.

Ilijaribiwa pia njia ya dawa. Kuanzia miaka ya 1940 wafugaji wa Marekani walipachika chini ya ngozi ya shingo ya kuku kidonge cha diethylstilbestrol, homoni ya kike iliyotengenezwa maabara, na jogoo akalainika na kunenepa bila kukatwa. Mabaki ya dawa hiyo yalionekana katika nyama iliyofika sokoni, na mwaka 1959 matumizi yake kwa kuku yakasitishwa. Mwaka 1971 dawa hiyohiyo, iliyokuwa ikipewa wanawake wajawazito, ilihusishwa na saratani adimu kwa mabinti waliozaliwa na wanawake hao. Leo madaktari wa wanyama katika nchi tajiri huweza kumpachika jogoo wa kufurahisha kipandikizi cha deslorelin, dawa inayozuia ubongo kuamsha korodani kwa muda wa miezi kadhaa, lakini bei yake ni kubwa mno ukilinganisha na thamani ya kuku, na ndege aliyepewa dawa ya namna hiyo hafai kuliwa.

Kinachobaki ni hoja ya faida, ambayo ndiyo huwavuta wengi. Jogoo aliyehasiwa hana nyama nyingi zaidi katika miezi ya mwanzo. Tofauti huja baadaye, anapoendelea kulishwa wakati mwenzake wa kawaida ameshakomaa na kukakamaa, naye hutandaza mafuta ndani ya misuli na kuwa na nyama laini. Ndiyo maana yule wa Bresse nchini Ufaransa, anayeuzwa kwa bei ya juu wakati wa Krismasi, hufugwa kwa miezi isiyopungua minane na kulishwa nafaka na maziwa. Soko la namna hiyo halipo Dodoma wala Kisumu. Mlaji wa Afrika Mashariki anayelipa zaidi kwa ajili ya kuku wa kienyeji anataka hasa ile nyama iliyokaza, yenye mchuzi mzito na ladha ya ndege aliyetembea, na hamtafuti ndege mwenye mafuta aliyekula mahindi ya mfugaji kwa miezi minane. Kumhasi jogoo huyo ni kumwondolea kile anachonunuliwa kwacho.

Utunzaji wa majogoo bila kisu huanza na idadi. Mtetea hutaga bila kuwapo jogoo yeyote, na yai lake lisilo na mbegu lina lishe ileile. Zaidi ya hayo, katika maeneo ya joto hukaa vizuri zaidi, kwa sababu yai lenye mbegu likiachwa kwenye joto linalozidi takribani nyuzi 21 za Selsiasi linaweza kuanza kuumba kifaranga hata kabla halijalaliwa. Anayefuga kwa ajili ya mayai ya kuuza tu, hasa mjini ambako majirani wamebanana na wanahitaji kulala, hana sababu ya kuwa na jogoo. Anayetaka vifaranga anahitaji jogoo mmoja kwa mitetea wanane hadi kumi na wawili.

Madhara ya kuvuka kiwango hicho huonekana wazi mgongoni mwa mitetea. Jogoo anapopanda husimama juu ya mgongo wa jike kwa makucha yake na kumshika manyoya ya kisogo kwa mdomo, na mtetea anayepandwa mara chache huvumilia hayo bila kudhurika. Lakini madume wakiwa wanne kwa mitetea kumi, manyoya ya mgongo hukatika yakabaki vijiti, kisha ngozi hubaki wazi, nyekundu, mwisho huchanika chini ya bawa ambako makucha huteleza, na jeraha hilo huingia funza au huwaita kuku wengine wadonoe. Mara nyingi anayeumia zaidi ni yule mtetea mpole aliye mtagaji bora, kwa sababu hainuki wala hakimbii. Mfugaji anapaswa kuwashika mitetea wake mara kwa mara, kuwainua mabawa na kutazama, kwa kuwa jeraha la namna hiyo halionekani kwa mbali.

Kuku huishi kwa daraja. Mwanasayansi wa Norwei, Thorleif Schjelderup-Ebbe, alieleza mwaka 1921 jinsi kila kuku katika kundi anavyojua nani anaweza kumdonoa na nani hawezi, na utafiti wake ndio uliozaa elimu yote ya madaraja katika jamii za wanyama. Madume wana daraja lao wenyewe, na hata kuwika kunalifuata. Watafiti wa Nagoya nchini Japani walionyesha mwaka 2013 kwamba jogoo huwika kabla ya alfajiri kwa kuongozwa na saa iliyomo mwilini mwake, hata akifungiwa katika mwanga hafifu usiobadilika, na miaka miwili baadaye wakaonyesha kwamba mwenye cheo cha juu huwika kwanza na wengine hufuata kwa kupangana. Wazee waliohesabu usiku kwa jogoo la kwanza na jogoo la pili walikuwa wakiitegemea saa hiyo. Kwa mfugaji wa mjini maana yake ni kwamba kufunika banda kwa turubai hupunguza sauti tu wala hakumnyamazishi ndege, na kwamba kumfunga shingo kwa ukanda ili asiwike ni kumzuia kupumua vizuri.

Kwa hiyo hatua yenye manufaa kuliko zote ni kuwatenga mapora mapema, wakiwa na umri wa wiki nane hadi kumi na mbili, mara upanga unapoanza kuwa mwekundu na kabla hawajaanza kuwasumbua matembe, yaani majike wachanga ambao hawajataga. Mapora waliokua pamoja, wakawekwa mbali na majike wasiweze hata kuwaona, hupigana kidogo kuliko watu wanavyodhani, mradi wapewe nafasi ya kutosha, vyombo vya chakula zaidi ya kimoja na fito za kulalia kwa urefu tofauti ili aliyeshindwa apate pa kukimbilia. Humo hunenepeshwa kwa miezi mitatu au minne, na mfugaji aliyehesabu nyuma kutoka Idi, Krismasi au Pasaka, akalaza mitetea wake miezi sita kabla, huwa na majogoo wa kilo moja na nusu au mbili wakati bei iko juu. Dume aliyechaguliwa kwa ajili ya chungu achinjwe kwa kisu kikali na mkono wenye uzoefu. Kifo cha haraka baada ya maisha mazuri ni heshima kubwa zaidi kwa ndege kuliko upasuaji usio na ganzi.

Jogoo anayebaki naye ana mahitaji yake. Chakula cha kuku wa mayai kina chokaa nyingi iliyokusudiwa kujenga maganda, na jogoo asiyetaga, akilishwa hicho tu kwa muda mrefu, huumia figo. Afadhali kundi lote lipewe chakula cha kawaida na chokaa iwekwe pembeni katika chombo chake, ili mitetea waifuate wenyewe. Vipi vikirefuka vikaanza kuchana migongo, ncha yake isuguliwe kwa tupa mpaka iwe butu, pasipo kukatwa karibu na mguu, kwa kuwa ndani yake kuna mfupa hai wenye damu. Anayeshambulia watu hasa watoto, ambao uso wao uko karibu na kimo cha kipi chake, asibakishwe kwa ajili ya uzazi hata awe na umbo zuri kiasi gani, maana ukali ni miongoni mwa tabia zinazorithiwa. Wafugaji wa pwani wanalijua jambo hili kwa kuku aina ya kuchi, wale warefu wenye shingo na miguu mirefu wenye mfanano na kuku wa kupigana wa Asia: ni wakubwa, wana nyama nyingi na hutafutwa kwa ajili ya kuboresha kuku wadogo wa kienyeji, lakini majogoo wawili wa kuchi hawakai boma moja.

Kosa linaloharibu makundi ya nyumbani polepole kuliko yote ni kumwacha jogoo mmoja miaka mingi akiwapanda binti zake na wajukuu zake. Matokeo yake hayaonekani kwa siku moja: mayai mengi huacha kuanguliwa, vifaranga hukua kwa kuchelewa, wengine hutoka na midomo iliyopinda au miguu yenye kasoro, na mfugaji hulaumu chakula au hali ya hewa. Jogoo anapaswa kubadilishwa kila mwaka au, kwa uchache, kabla binti zake hawajaanza kutaga, na njia rahisi zaidi ni kubadilishana na mfugaji wa kijiji kingine. Mgeni asiingizwe bandani siku hiyohiyo. Atengwe wiki mbili, achunguzwe chawa na kuhara, na ihakikishwe kwamba amechanjwa dhidi ya kideri (mdondo), ugonjwa unaoweza kumaliza kundi zima kwa wiki moja na ambao chanjo yake ya matone ya jicho, I-2, inayostahimili joto, hurudiwa kila baada ya miezi mitatu au minne.

Wakati wa mabadilishano hayo lipo jambo moja la mwili wa kuku ambalo wengi hulisahau. Mtetea ana mirija midogo sana ndani ya njia ya yai ambamo mbegu za jogoo huhifadhiwa zikiwa hai, kwa kawaida siku kumi hadi kumi na nne na mara nyingine hadi wiki tatu, na yai linaloshuka hupata mbegu kutoka huko hata kama jogoo aliyezitoa alikwisha kuliwa. Kwa sababu hiyo mfugaji aliyemwondoa jogoo wa zamani leo na kumwingiza mpya kesho akusanye mayai ya wiki tatu za mwanzo kwa ajili ya kula na kuuza, na aanze kuweka ya kulalia kuanzia wiki ya nne.